Kitufe cha Rangi ya Jivu

Nereah alikuwa ameapa kwamba Jumapili hiyo hafui nguo za mtu. Hope, bintiye, anapata kipaimara misa ya saa mbili, na askofu haji Kibera kila wiki.

Ijumaa, akiwa kwake Gatwekera, humo humo Kibera, ile app inayomtafutia kazi za kufua ikamuuliza: Uko tayari Jumapili? Chini kulikuwa na kitufe cha kijani, kipana kama ndala: NIPO TAYARI. Chini yake tena, kwa rangi ya jivu isiyoonekana vizuri: Hapana. Kwa simu ya Nereah, kitu kikiwa cha jivu kimekufa. Ofa ya bando ikiisha, kitufe chake huwa hivyo hivyo, ubonyeze mpaka uchoke. Akabonyeza kijani, akidhani pa kukataa ni ukurasa wa pili. Akajibiwa: Hongera, umepata kazi. Riruta Satellite, saa tatu asubuhi.

Jumamosi alitembea hadi ofisi ya hiyo app, Kawangware, damu ikimchemka. Morris, anayehudumia mama fua, alikuwa ametulia na chai yake.

"Mathe, si ni wewe uliaccept? Hiyo ya grey inafanya kazi poa tu."

"Sasa mbona mmeipaka jivu kama imezimwa?"

"Ndio watu wafinye ya green." Alisema bila haya hata kidogo. "Na usicancel. Ulicancel Agosti ukienda matanga. Ukirudia, account inafungwa."

Nereah alitamani kummwagia ile chai. Yaani mtu mzima anaketi kutwa nzima akichagua rangi ya kumhadaa mama fua, na jioni anaenda kwake kulala vizuri. Lakini kazi zake zote zilitoka kwa hiyo app. Alirudi nyumbani akamweleza Hope. Mtoto hakulia, alisema tu atamwomba msimamizi wake wa kipaimara apige picha. Hilo lilimuuma mama kuliko kilio.

Jumapili saa tatu alibisha mlango Satellite. Bridgit, mwenye nyumba, alifungua akiwa amevalia za kanisani, funguo mkononi.

"Aki pole, mama. Hata mimi sikutaka kufuliwa leo. App iliniuliza kama nataka mtu wa kufua Jumapili. Nilitafuta pa kukataa nikakosa, nikaona green tu."

Nereah alimtazama, akakosa hata wa kumtukana. Saa hiyo Hope alikuwa kwenye foleni mbele ya askofu, na hata kwa boda asingefika.

"Leta tu hizo nguo," akasema.