Mwepesi wa Shimo la Tatu

Kaka yangu Oveki alianza kupoteza uzito mwaka wake wa kumi na moja shimoni. Hakukonda. Mabega yalikuwa yale yale ya kubomoa mlango, ila siku moja aliruka mfereji nyuma ya nyumba akachelewa kutua. Mama alimwona. Aliingia ndani, na tukamsikia akilia.

Sisi watu wa Karsovi tunachimba teruni. Jiwe lile la kijivu likipashwa moto hunyanyua chochote kilichofungwa juu yake. Kwa teruni mikokoteni hupanda mlima bila ng'ombe, na minara ya mji mkuu imejengwa kwa mawe ambayo watu mia wasingeyasogeza. Lakini vumbi lake huingia kwenye mifupa, na likiingia halitoki. Mchimbaji huwa mwepesi, kisha mwepesi zaidi, mpaka apelekwe Nyumba ya Dari, ambako ndugu zake humpandishia uji kwa mti mrefu huku yeye amebandika mgongo juu kama buibui.

Mimi nawashonea wachimbaji makoti ya vyuma, ili wasipeperuke. La Oveki lilishazidi uzito wa ndama.

"Dada Nira, hili koti umenishonea au umenizika?" alikuwa akinitania.

"Vaa, kishada wewe. Ukienda na upepo nani atanipasulia kuni?"

"Nitakuangushia kutoka huko huko juu."

Asubuhi moja ya mvua shimo la tatu liliporomoka. Watu wanne walikuwa chini, wanaume watatu na Yelda, mama wa watoto wawili, aliyekuwa akipakia mawe. Njia kubwa ilizibika yote. Lilibaki tundu la hewa tu, jembamba, refu, kuta zake kokoto zilizolegea. Tulijaribu kumshusha mtu kwa kamba. Alipozigusa tu, mawe yakaanza kumiminika, tukamvuta haraka.

Gaudre, msimamizi wetu, alivua kofia. "Hapa hakuna la kufanya. Tuwaombee, tufunike."

"Funika mdomo wako kwanza," alisema Oveki. Akanigeukia. "Nipunguzie vyuma vitatu. Nataka nishuke kama unyoya, katikati, nisiguse ukuta. Nikifika nalivua koti, namkumbatia mtu, tunapanda."

"Huko chini ni vumbi tupu. Ukilivuta hilo vumbi..."

"Najua. Wewe nifunge kamba."

Nikamfunga. Kamba ilikuwa nyembamba, ya kumwongoza tu. Alishuka polepole, miguu ikining'inia, nami nikaiachia kamba kidogo kidogo.

Alirudi na mzee Brano kifuani, wote wawili wa kijivu, wakikohoa. Watu walimpokea mzee, nami nikamvika kaka koti jingine. Ilibidi niongeze vyuma vinne. Safari ya pili niliongeza saba. Ya tatu vyuma viliniishia, tukamjazia mawe mifukoni na kwenye buti. Ngozi yake ilikuwa baridi, na nilipomshika mkono haukuwa na uzito wowote, kama nimeshika mkono wa shati.

Akabaki Yelda.

"Inatosha," nilimwambia. "Oveki, umeokoa watatu. Baki. Nakuomba."

"Ameniita, dada. Nilipokuwa namchukua huyu wa mwisho aliniita kwa jina. Wewe hukumsikia."

Akashuka.

Nilijua mambo yameharibika kamba ilipolegea ghafla mkononi mwangu. Alikuwa anapanda kasi kuliko nilivyoweza kuikusanya. Uzito wa Yelda haukumtosha tena. Walifyatuka pale tunduni, wanaume wakamdaka Yelda miguu na sketi, na mikono yake ikateleza kwenye mwili wa kaka yangu. Akaenda. Kamba ikanichana viganja, nikaing'ang'ania, nyayo zangu zikaacha ardhi. Gaudre alinikumbatia kiunoni, akawa analia huyo, na bado tulikuwa tunainuka.

"Achia, Nira!" Oveki alipiga kelele kutoka juu.

"Sitaki!"

"Mama atabaki na nani? Achia!"

Watu husema kamba iliniponyoka kwa sababu ya mvua. Nawaacha waseme. Mimi navijua vidole vyangu, vilifunguka kimoja kimoja.

Hakupiga kelele tena. Tuliziona nyayo zake zikizidi kuwa ndogo, kisha wingu likamchukua.

Baada ya siku tisa shimo lilifunguliwa. Brano alirudi kazini, na wale wawili pia, kwa maana hakuna kazi nyingine huku. Yelda hakurudi. Huja kwetu mara moja kwa wiki na bakuli la maziwa ya mgando, huliweka mezani, huketi kidogo akiangalia sakafu, kisha huondoka.

Siku ya ajali yenyewe nilifika nyumbani mikono imefungwa vitambaa. Mama alikuwa ameshaambiwa. Alikuwa amekaa mlangoni, mvua inamnyeshea magoti, hajali.

"Upepo ulikuwa unaelekea wapi?" aliniuliza.

"Kaskazini, mama."

Aligeuza uso upande huo.

"Huko kuna baridi," alisema. "Naye aliliacha koti chini."