Kitambaa cha Kukamulia Matango

Tangu aolewe, binti yangu akipiga simu nyumbani alikuwa na maneno manne tu ya kuniambia: "Shikamoo Baba. Mama yupo?" Nami nilikuwa na yangu: "Marahaba. Ngoja nikupe." Nampa mama yake simu, narudi kwenye pasi yangu. Huo ndio uliokuwa ubaba wangu. Sikuona upungufu wowote, maana simu ilikuwa inamfikia mwenyewe.

Mama yake alifariki mwaka jana. Simu inalia bado, ila sasa hakuna wa kumpa. "Umekula, Baba?" Nimekula. "Unalala?" Nalala. Halafu tunanyamaza wote wawili, kila mtu anamsikia mwenzake anavyopumua, mpaka mmoja anasema haya, na mwingine anasema haya.

Alhamisi iliyopita alipiga tukamaliza ya kula na ya kulala, kisha hakusema haya.

"Baba, Jumamosi saa kumi tuna sherehe ndogo ya kuingia nyumba mpya. Uje."

"Nitakuja."

"Na kama unaweza... ile sosi ya mama ya matango. Mimi nimeijaribu mara sita, haitoki. Labda wewe unajua alivyokuwa anafanya."

"Najua," nikasema.

Uongo mtupu. Miaka thelathini na nane sikuwahi hata kuionja. Mtindi na tumbo langu ni paka na panya, kwa hiyo bakuli lile lilikuwa linanipita mezani kama mgeni asiyenihusu. Lakini mtoto wangu alikuwa ameniomba kitu, mara ya kwanza tangu tumzike mama yake. Ningemwambia sijui, au ningefika na uji wa matango, nilijua simu itakayofuata ingekuwa ya kunitangazia msiba wa mtu. Basi nikasema najua.

Hata hivyo, si kwamba sikujua kabisa. Mimi ni dobi. Miaka thelathini na mmoja nimefua mashuka na vitambaa vya meza vya hoteli, na nyumbani nimeendelea kufua kwa sababu siwezi kukaa bure. Majirani wananiita Mzee Mikunjo. Wanasema nikisalimiwa natazama kola kwanza, uso baadaye, na wala sikatai. Meza yangu ya pasi iko kwenye korido, kwenye mlango wa jiko. Mke wangu akipika, mimi nilikuwa nampa mgongo, napiga pasi, ila masikio yalikuwa yake. Nilisikia kikwaruzo kikila matango. Nilisikia chumvi ikimwagwa, halafu kimya kirefu, na yeye anakaa. Kisha ananyoosha mkono nyuma yangu na kusema, "Nipe kimoja." Nami nampa kitambaa kimoja cheupe kutoka kwenye rundo lililopigwa pasi, bila kugeuka. Baada ya hapo ni maji tu, churuchuru, kwenye sinki.

Siku hizi wakati mwingine nahisi mkono ule nyuma yangu, na mara mbili nimenyoosha kitambaa. Sioni aibu kusema hivyo.

Jumamosi asubuhi nilinunua matango manne, mnanaa, kotimiri, kitunguu swaumu, limau, na makopo mawili ya mtindi mzito. Moja lingetosha, lakini mke wangu hakuwahi kuniamini jikoni, na mimi sikuona sababu ya kuanza kujiamini siku hiyo. Nikamenya, nikakwaruza vidole kidogo na matango zaidi, nikatia chumvi. Nikakaa kwenye kiti chake kusubiri. Nilikuwa sijawahi kukikalia. Kutoka pale mtu anaona meza yote ya pasi na, kama mpiga pasi yupo, anaona mgongo wake. Basi hayo ndiyo aliyokuwa akiyaona miaka yote ile, huku chumvi ikifanya kazi yake.

Niliinuka haraka. Nikachukua kitambaa juu ya rundo, nikatia matango, nikakunja ncha nne na kukamua. Hapo ndipo nilipokuwa fundi. Kukamua hakuna mtu wa kunifundisha. Maji ya kijani yalitoka mpaka matango yakabaki makavu kama nguo ya kuanikwa. Nikakatakata majani, nikaponda nusu ya matango manne, namaanisha nusu ya kitunguu swaumu, maana hata sasa nikisimulia nachanganya. Nikakoroga na mtindi wa kopo la kwanza, nikakamulia limau. Rangi ilikuwa ile ile. Nikachovya ncha ya kidole na kulamba.

Sabuni!

Si sabuni nyingi. Ni ile harufu ya sabuni ya mche, buluu kidogo ya kung'arishia nguo, na wanga ninaoutia kwenye maji ya mwisho, harufu ya kabati letu la nguo, ila sasa ilikuwa mdomoni. Nikalamba tena kuhakikisha, nikatukana, kisha nikamwomba msamaha mke wangu kwa kutukana jikoni kwake. Nguo zangu zote zinanukia hivyo; ni sifa yangu, hata meneja wa hoteli alikuwa akizipeleka leso zangu puani wageni wakiangalia. Nani mwingine ila dobi angeweza kuifua sosi? Bila shaka yeye alikuwa anakisuuza kwanza kitambaa, mimi nikiwa nimempa mgongo, na kwa upole wake hakutaka kuniambia kazi yangu ina kasoro. Iliniuma. Miaka yote hiyo anarudia kusuuza kitu nilichokwisha kusuuza mara tatu!

Chakula hakimwagwi katika nyumba hii, kwa hiyo bakuli la kwanza nikalifunika na kulisukuma ndani ya friji. Nikanawa mikono kwa maji matupu mpaka viwiko. Matango mengine sikuwa nayo, nikarudi dukani mbio, kama mbio bado ni neno langu. Safari hii nilikamua kwa viganja, konzi baada ya konzi. Nikaonja: mtindi, tango, majani, limau. Safi kabisa. Nikalifunga bakuli kwa kitambaa, mfukoni mwa shati nikatia kingine, nikaondoka.

Nyumba ya binti yangu iko ghorofa ya tatu, ina madirisha makubwa na mapazia ambayo hayajapigwa pasi. Sikusema kitu. Mkwe wangu alinipokea vizuri, akanipa kiti karibu na rafu ya viatu, pembeni kusikopita upepo. Wageni walikuja mmoja mmoja kunishika mkono. "Shikamoo mzee, unaendeleaje?" Nikasema naendelea, wakaenda kuongea na wenzao. Siwalaumu. Mtu aliyeishi miaka mingi kwa kumpa mwenzake simu hajui kuongea na watu. Nilikaa na magoti yangu, nikahesabu mikunjo ya pazia, na nilitamani mke wangu awepo kiasi kwamba niliogopa ingeonekana usoni.

Binti yangu alifungua bakuli mwenyewe. Alichukua kipande cha mkate, akachovya, akafumba macho. Alitafuna taratibu, akachovya tena kidogo, kama anayetafuta kitu alichokiangusha.

"Ni tamu, Baba," akasema. "Tamu sana."

Namjua mtoto huyu. Alipokuwa mdogo, akipewa zawadi asiyoitaka alikuwa anasema asante mara mbili.

"Lakini?"

"Basi tu. Nayo imetoka kama ya kwangu." Akatabasamu ili nisiumie, akaita watu waje kula.

Wageni waliimaliza, bakuli likang'aa. Walisifu, na kila sifa ilinirudisha kwenye rafu ya viatu. Nilimpa alichoniomba, na hakikuwa chenyewe. Mama yake aliondoka nacho, na mimi niliyekuwa hatua mbili kutoka kwake sikujua ni nini.

Nilichukua bakuli nikaenda jikoni kulisuuza, nipate na mimi la kufanya kabla ya kuaga. Nikalifuta kwa kitambaa cha mfukoni. Binti yangu aliingia kuchukua glasi, akapita nyuma yangu, akasimama.

"Baba, hicho ni nini?"

"Bakuli."

"Kitambaa." Alikichukua mkononi mwangu, kikiwa kimelowa, akakipeleka puani. Akakaa hivyo. Kisha akauma ncha yake, mwanamke mzima, mwalimu wa hesabu, na gauni la sherehe, anauma kitambaa changu kama mtoto anayeota meno.

"Ndiyo hii," akasema. "Baba, ndiyo hii! Mama alikuwa anakamulia nini matango?"

"Vitambaa vyangu. Lakini alikuwa anavisuuza kwanza."

"Nani? Mama?" Alicheka, machozi yakamtoka hapo hapo. "Nimesimama naye jikoni utoto wangu wote. Hakuwahi kusuuza. Alikuwa anasema, 'Kikitoka kwa baba yako, kimekwisha kuwa safi.'"

Niliegemea sinki. Mara sita alijaribu mtoto huyu, kwa matango mazuri na mtindi mzuri, akitafuta ladha ya mama yake, na alichokuwa akikosa ni mimi.

"Ipo nyingine," nikasema mwishowe. "Nyumbani, kwenye friji. Niliona inanuka sabuni, nikaiacha."

"Usiimwage, Baba! Usimpe mtu. Nakuja kesho."

Wageni walimwita sebuleni. Alienda, na kitambaa akaenda nacho. Mimi niliaga mlangoni, nikashuka ngazi na bakuli langu tupu.

Nilifika nyumbani jua halijazama. Nilifungua friji kabla ya kuvua viatu. Nikachukua kijiko, nikakaa kwenye kiti chake, nikaitazama meza ya pasi kule ambako hakukuwa na mgongo wa mtu. Nikala. Kijiko cha kwanza kwa woga, cha pili kwa ajili yake. Mtindi, tango, mnanaa, na nyuma yake, mbali kidogo, mimi. Alikuwa akinila miaka thelathini na nane bila kuniambia, na mimi sikugeuka hata siku moja kuona.

Tumbo lilianza kulalamika, nikaliambia lisubiri. Nilipofika nusu nilijilazimisha kuacha, nikafunika bakuli kwa kitambaa kipya na kulirudisha.

Leo anakuja. Nilisahau kumwuliza saa ngapi, kwa hiyo nimeamka mapema.