Nani Alichoma Sare

Praiveti Kipyegon alipewa ruhusa ya siku kumi kwenda kumzika baba yake, mwezi wa tano mwaka wa 1996. Siku ya tisa, udongo wa kaburi haujakauka, mama yake, Chepkosgei, alianguka katikati ya michai, upande mmoja wa mwili umekufa ganzi. Kipyegon akamkimbiza hospitali ya Kapkatet. Dada hakuwa naye. Kaka yake wa pekee, mwanajeshi kama yeye, alikuwa ameletwa nyumbani kwenye jeneza kutoka mpakani miaka miwili kabla. Nani angemgeuza mama kitandani? Nani angemlisha uji?

Aliandika barua kambini, haikujibiwa. Siku zikasonga hadi zikapita thelathini.

Mama aliporudi nyumbani na mkongojo wake, Kipyegon alipiga pasi sare, akaitundika ukutani.

"Kesho narudi, mama. Janeffer wa hapo jirani atakuangalia."

Mama aliitazama sare pale ukutani.

Asubuhi, akiwa anakama ng'ombe, Kipyegon alisikia harufu ya kitambaa kinachoungua. Alimkuta mama ameketi mbele ya meko. Shati lilikuwa limekwisha, na suruali alikuwa akiisukumia motoni kwa mkongojo.

"Mama, umefanya nini?"

"Walinirudishia mmoja ndani ya sanduku," alisema, ulimi bado mzito. "Wewe hawakupati."

Hakumgombeza. Alivaa koti la marehemu baba yake, akatembea hadi Bomet kutafuta gari la kumrudisha kambini. Polisi wa jeshi, waliokuwa njiani kwenda kwao kumsaka, walimkuta pale pale stendi akiwa na nguo za kiraia. Aliwaambia anakokwenda huku wakimtia pingu. Mmoja wao akacheka.

Kapteni Nyakundi ndiye aliyepewa kazi ya kumtetea. Alikuja rumande na faili kwapani.

"Kuna makosa mawili hapa, usiyachanganye," alimwambia. "Kukosekana kazini bila ruhusa ni jambo la siku. Ulitakiwa tarehe fulani, hukuja. Kwa hilo utafungiwa kambini wiki chache, halafu urudi kazini. Kutoroka jeshi ni jambo la nia. Lazima waonyeshe kwamba hukutaka kurudi tena. Barua yako iko kwa faili, nimeiona. Hospitali nao watatuandikia. Kitu kimoja tu kinatuharibia. Sare iko wapi?"

"Iliungua, afande."

"Iliungua, ama ilichomwa?"

Kipyegon alitazama sakafu.

"Kama kuna mtu aliichoma, nitamwita aje aseme mwenyewe."

"Na yeye atafanywa nini?"

Kapteni alilifunga faili. "Kuharibu mali ya jeshi ni kosa. Kumzuia askari asirudi ni kosa kubwa zaidi. Lakini wanaweza kumhurumia."

Wanaweza. Kipyegon alimwona mama mbele ya maofisa, mdomo umepinda, akitafsiriwa neno kwa neno, akisema kwamba angeichoma tena. Maana angesema hivyo hivyo. Mama hakujua kudanganya.

"Niliichoma mimi," akasema.

"Unajua umesema nini?"

"Najua, afande."

Kesi haikumaliza nusu siku. Barua yake ilisomwa, ikaitwa hila ya kununua muda. Kisha mwendesha mashtaka akamuuliza swali moja tu: mtu anayetaka kurudi kazini huchoma sare yake?

"Hapana," Kipyegon alijibu, na sauti yake mwenyewe ikamwia ngeni.

Alifukuzwa jeshini na kufungwa miaka miwili.

Mama alifariki mwaka wa pili wa kifungo. Janeffer alimwandikia kwamba mama alikwenda kwa amani. Alipokuwa hai, kila aliyempa pole kwa ajili ya mwanawe, mama alimjibu kwamba jela hakuna risasi. Kipyegon aliisoma barua hiyo mara mbili, akaikunja. Hakumweleza mtu yeyote ni nani aliyechoma sare, si siku hiyo wala baadaye.

Alipotoka, alikuta michai imekuwa msitu, imempita kimo. Akaazima panga kwa Janeffer, akaanzia upande wa barabarani.