Siku Pimamaji Alipomsindikiza Mgeni

Lori lililomwangusha shemeji yangu bado linapita barabara ileile, limepakwa rangi mpya tu. Mimi sisahau magari. Siku ile lilibeba saruji, na juu ya saruji likabeba watu. Mifuko ilifungwa kamba, watu hawakufungwa. Likapinduka kwenye kona. Saruji ililipwa na bima mwezi uleule.

Shemeji huyu ni mume wa dada yangu, fundi plasta. Mtaani wanamwita Pimamaji, kama kile kipimo cha mafundi, kwa kuwa ukuta ukiinama hata kidogo, chakula hakimshuki. Sasa aliyeinama ni yeye. Nyonga ilivunjika ikaunga ilivyotaka yenyewe, daktari akaandika: ulemavu wa kudumu. Ngazi na jukwaa basi tena. Tukadai fidia. Ikija, dada angefungua duka la rangi na chokaa. Isipokuja, mwenye nyumba alishatuambia wanachosemaga wenye nyumba.

Kipindi hicho shemeji alilala sana mchana. Jua lilichujwa na pazia, chumba kikawa na rangi ya chai ya maziwa, na mkono wake wa kulia ukainuka peke yake, umeshika mwiko usiokuwepo, ukapaka hewa taratibu, nusu duara baada ya nusu duara. Ungeapa kuna ukuta unasimama pale katikati yetu, mbichi, unanukia maji.

Akiamka alitusimulia. Alikuwa juu kabisa, ukuta hauna mwisho, na kila alipopaka palikucha.

"Na mguu?" dada aliuliza.

"Mguu gani?"

Ndipo kampuni ya bima ikatuma ujumbe: afisa atakuja nyumbani kuona hali ya mdai. Nikawaambia akukuteni mlivyo, msiguse kitu. Nilisema wee, nikawa kama redio.

"Mgeni ni mgeni," dada akasema. "Wewe kila mtu kwako ni bepari."

Wakafagia mpaka uchochoroni. Wakaazima glasi kwa jirani. Suruali ikapigwa pasi, na magongo yakafichwa nyuma ya kabati, kwa sababu kumwekea mgeni magongo usoni, shemeji alisema, ni kama kumnyooshea bakuli.

Afisa mwenyewe kijana mpole, viatu kavua mlangoni bila kuambiwa. Akanywa chai, akauliza habari za watoto. Shemeji akacheka naye kama wameoleana. Kijana alipoaga akasema, "Usisumbuke, baba. Kaa tu, usiinuke."

Mtu kama shemeji ukimwambia asiinuke, umeshamwinua. Akasimama. Akamshika kijana bega, akatoka naye, wakapita saluni na fundi viatu mpaka barabarani kwenye gari la kijana, wanaongea. Akampungia mkono. Gari lilipopotea, akakaa chini mchangani, uso umelowa jasho. Tukamrudisha kwa toroli la mchanga.

"Lakini nimemsindikiza," akasema kutoka ndani ya toroli.

"Umemsindikiza," dada akajibu huku akisukuma. "Yeye na duka langu."

Kumbe ndani ya lile gari alikuwamo mwingine na kamera.

Kampuni ikakataa kulipa, tukaenda baraza la fidia. Siku ya shauri, wakili wa kampuni akaomba mapazia yafungwe. Feni ikazunguka gizani. Juu ya ukuta mweupe akatokea shemeji, hana sauti, anatembea. Ukuta wenyewe ulipigwa plasta vibaya, una uvimbe katikati, na kila alipopita pale mwili wake ulinyumbuka kama mtu anayetembea chini ya maji, kisha ukanyooka. Saluni ikapita nyuma yake. Watoto wakapita polepole. Niliichukia ile filamu na sikuweza kuacha kuitazama.

Shemeji alikuwa ameinama mbele, mdomo wazi kidogo, kama alivyokuwa akilala mchana.

"Rudisheni nyuma kidogo," akaomba.

Wakarudisha. Akaja tena, anatembea, anacheka.

"Huyo ni wewe?" wakili akauliza.

"Ni mimi," akasema, kwa fahari ya mtu aliyeonyeshwa picha yake ya ujana.

Nikasikia dada akivuta pumzi.

Mwenyekiti wa baraza, mama mmoja wa makamo, akaagiza taa ziwashwe. "Baba, naomba utoke hapo mpaka mlangoni, bila magongo, kama siku ile. Ukiweza, tuone. Usipoweza, useme."

Nilijua angeweza. Hilo ndilo lililonitisha. Angeuma meno, angefika, kisha angeanguka kwenye korido, ambako sheria haiangalii. Mtu huyu hajawahi kusema siwezi kwenye kazi yoyote, na wasimamizi walilijua hilo. Ndivyo walivyompandisha juu ya saruji. Tayari mikono yake ilikuwa kwenye meza, anajisukuma. Dada anatazama mapaja yake mwenyewe.

"Shemeji," nikamwambia, "huyu mama si mgeni wako."

Wakili akaniambia ninyamaze. Shemeji akasita, nusu amesimama. Ukutani picha ilikuwa imeganda, imefifia kwenye mwanga, mtu ameinua mkono.

"Yule pale anaweza," akasema akiionyesha. "Mimi siwezi, mama. Hata siku ile sikuweza. Nilitembea tu."

Akakaa.

Uamuzi ukasomwa alasiri: ulemavu ni wa kudumu, fidia ilipwe. Walikata huku na huku, na makato yote nimeyahifadhi kichwani, siku yake itafika. Dada akalia, akajipangusa, akaanza kuuliza bei ya rangi za maji.

Kwenye korido watu walikuwa wengi, mawakili na mafaili yao, kila mmoja ana haraka. Shemeji akasimama katikati yao na magongo yake. "Nimechoka," akasema, kwa sauti ya kawaida, akajongea kwenye benchi la karibu. Waliokaa wakasogea. Hakumwomba mtu radhi.