Mtoto Aliyekataa Majina

Mtoto alikuwa na siku tatu, na alikuwa ameshakataa majina mawili.

La kwanza lilikuwa Kilonzo, la babu yake mzaa baba, haki yake kabisa kwa kuwa ni kifungua mimba na ni wa kiume. Nyanya yake, Kavata, alisimama naye mlangoni kwenye mwanga wa asubuhi, akamwita jina hilo. Mtoto akapiga kelele. Hakikuwa kilio cha njaa. Kilikuwa chembamba, cha juu, kisichopumzika, na mikono ilitetemeka hata ilipokuwa imefungwa kwa leso. Visigino alikuwa amevisugua mpaka vimechubuka. Wakamwita Mwau. Akatapika.

Wanawake watatu waliokuja kumpa jina wakatazamana. Siku ya tatu ndiyo siku ya jina, na mtoto akilia bila kukoma baada ya kuitwa, basi amelikataa. Asiye na jina bado si mtu wa nyumba ile. Ni mgeni tu, anaweza kuamua kurudi alikotoka.

Kalunde, mama yake, alikaa kwenye godoro akitokwa na jasho. Yeye alijua kwamba mtoto hakatai jina lolote. Aliujua ule mtetemeko kwa mwili wake mwenyewe. Miaka miwili aliponda kokoto kwenye timbo la mawe nyuma ya Kambu, na kila asubuhi wanawake walipewa uji na kidonge cha maumivu ya mgongo, hata waliokuwa na mimba. Jumapili timbo lilifungwa, kidonge hakikuwepo, naye akatetemeka na kupiga chafya kanisani. Washirika walisema Roho amemshukia.

Nesi wa zahanati, Nadifa, hakusema habari ya Roho. Jana, kabla ya kuwaruhusu kwenda nyumbani, alimtazama mtoto kwa muda mrefu.

"Mama, ulikuwa unakunywa dawa gani ukiwa na mimba?"

"Ya mgongo tu, sista. Tunapewa kazini na uji."

"Nani anawapa?"

Kalunde akamfunika mtoto vizuri. Nadifa akaweka kalamu chini.

"Mtoto anaitafuta hiyo dawa. Anatakiwa hospitali kubwa, huko mjini Wote, wamuachishe polepole. Hapa sina kitu. Ambulensi nimepigia tangu asubuhi, wanasema haina mafuta. Na nikiandika kwa barua ya kumpeleka huko vile umeniambia, afisa wa watoto atakuja kwako wewe. Huyo wa uji hakuna mtu atamuuliza."

"Basi usiandike, sista."

Nadifa hakuandika. "Mpeleke wewe mwenyewe, haraka. Na usimpe hiyo dawa. Hata kidogo. Itamkatia pumzi."

Lakini Kavata alikataa. Mtoto asiye na jina havuki barabara kuu. Akifia ng'ambo huko, ataliliwa kwa jina gani? Apewe jina kwanza, kisha aende hata Nairobi. Kalunde aliingoja siku ya tatu kwa uchungu zaidi kuliko alivyoingoja siku ya kujifungua.

Muthama aliingia wakati chai inaandaliwa. Yeye ndiye mwenye timbo. Alibeba sukari, unga na leso mpya.

"Mgeni njoo, mwenyeji apone," Kavata akasema, akampangusia kiti.

"Kalunde, umetuachia pengo," Muthama akasema. "Wale wengine wanachoka haraka."

"Nimezaa juzi, mzee."

"Si naona? Pumzika hata wiki nzima. Mimi si mtu mbaya." Akamtupia pakiti ya vidonge mapajani. "Za mgongo. Usiteseke na mimi niko."

"Sista alisema hii dawa ndiyo inasumbua mtoto."

"Sista anaponda kokoto?"

Wanawake wakacheka. Kalunde naye akacheka kidogo, maana bosi alikuwa amefanya mzaha, na baadaye alijichukia kwa kicheko hicho.

Wakamwita mtoto Musyimi. Kelele zikapanda. Kavata akamrudisha kwa Kalunde anyonye. "Huyu anataka kutuacha," akasema.

Kalunde akaenda naye nyuma ya pazia. Alikumbuka kila neno la Nadifa. Akakivunja kidonge kwa ukucha, akachukua chembe, akaona ni nyingi, akaipunguza. Atulie tu mpaka jina lishike. Kisha atakimbia naye barabarani, atapanda chochote kinachoelekea Wote. Akachovya kidole kwenye maziwa yake, akakibonyeza kwenye unga wa kidonge, akamtia mtoto mdomoni. Mtoto akakinyonya kwa pupa.

Walikuwa wamefika kikombe cha pili cha chai Kavata alipomchukua tena. "Majina ya nyumba yameisha," akasema kwa sauti ya kushindwa. "Tumpe la mtu anayetulisha. Muthama."

Mtoto alikuwa kimya.

"Muthama," akarudia, kama asiyeamini. Vidole vidogo vikafunguka. Vigelegele vikapigwa, na mwenye timbo akasimama, machozi yakimlengalenga kweli kweli. "Amenijua," akasema.

Kalunde alikuwa tayari na mkoba begani. "Mwaitu, mama yangu, sasa ana jina. Wacha nimpeleke Wote."

"Umpeleke Wote na amepona?" Kavata akamshangaa. "Kaa chini. Wageni watasema nini?"

Wakamweka mtoto mapajani mwa mama yake. Kalunde akamtegea sikio puani. Pumzi moja. Akangoja. Chai ikamiminwa, sukari ya Muthama ikapita mkono kwa mkono. Pumzi nyingine. Akangoja zaidi. Midomo ilikuwa imeanza kupauka. Akakishika kisigino kilichochubuka, akakifinya kwa kucha.

"Lia," akamwambia. "Lia, tafadhali."

Kavata akamwondoa mkono.

"Mwache alale," akasema. "Unataka akatae na hili?"