Nyusi za Akina Scordo

Mico Labate aliporudi kutoka Torino, mji wa kaskazini alikokuwa akiwajengea matajiri nyumba kwa miaka mitatu, hakuanzia kwao. Alipanda mlima moja kwa moja hadi kwa Saveria Scordo, akamkuta anakamua mbuzi, akasimama mlangoni pa zizi, kofia mkononi.

"Dada Saveria," alisema, "nimemwona Bruno."

Saveria hakugeuka. "Bruno ana mwaka wa pili huu tangu afie gerezani. Kama umelewa, Mico, nenda ukalale."

"Sijaonja hata tone. Nimemwona ukutani."

Hapo Saveria aliiweka ndoo chini.

Bruno, mdogo wake, alikuwa mchoma makaa. Baroni, bwana wa ardhi ya pale, alipouzungushia ua msitu ambamo kijiji kizima kilikata kuni tangu enzi za mababu, wengine walinung'unika wakanyamaza. Bruno akaendelea kukata. Siku moja mlinzi wa baroni alitaka kumnyang'anya shoka, wakashikana, mlinzi akavunjika mkono. Bruno alihukumiwa miaka minane, akapelekwa kaskazini. Hata miwili hakuimaliza, kifua kikuu kikamuua. Barua ilisema amezikwa. Haikusema kwamba kabla ya kumzika walimpaka plasta usoni, wakatoa sanamu ya sura yake nzima, kope na yote.

"Kuna profesa kule," Mico alieleza. "Anasema mhalifu anajulikana kwa sura hata kabla hajafanya kitu. Ukuta wake umejaa nyuso za wafungwa. Jumapili watu wanaingia kuangalia, wengine na watoto. Niliingia kukwepa mvua tu. Mara namwona Bruno ananikodolea. Yaani hakunikodolea, macho yamefumba, lakini ndiye."

"Wameandika nini?"

Mico alisita. Alikuwa ameyakariri yale maneno bila kutaka. "Namba arobaini na saba. Mkalabria, yaani mtu wa kwetu. Nyusi zilizoungana, taya pana, masikio yaliyochomoza. Mwizi na katili wa kuzaliwa."

"Wa kuzaliwa?" Saveria alisimama wima. "Nani kati yao alikuwepo alipozaliwa? Mimi nilikuwepo. Mimi ndiye niliyeshika taa."

Nyusi zile zilikuwa za ukoo mzima. Baba yao alikuwa nazo, babu alikuwa nazo, na Saveria mwenyewe alikuwa nazo: mstari mmoja mweusi kutoka panja hadi panja, kama mtu aliyechorwa usoni kwa kijinga. Pale kijijini walikuwa wakitania kwamba akina Scordo hawahitaji vyeti vya ubatizo, nyusi zinatosha.

Mama yao, Nunziata, alipoambiwa hakulia. Aliuliza tu, "Wamemtundika kama paja la nguruwe?" Kisha akaanza kufunga mkate na jibini kwenye kitambaa, maana alimjua binti yake.

Safari ilikuwa siku mbili juu ya benchi la mbao la garimoshi. Saveria alikuwa na miaka arobaini na mmoja na hakuwahi kuvuka hata mto wa pili kutoka kwao. Alifika Torino miguu imevimba, akauliza njia kwa Kiitaliano cha kuungaunga, maana yeye alizoea lahaja ya kwao, akacheka na waliomcheka, na saa nne asubuhi alikuwa amesimama mbele ya mlango mkubwa wa jumba la profesa, ambapo bawabu alikuwa akifagia.

"Leo si Jumapili, mama," bawabu alisema.

"Sikuja kutalii. Nimekuja kumchukua ndugu yangu."

"Ndugu yako anafanya kazi humu?"

"Amening'inizwa humu."

Bawabu aliacha kufagia. Akamtazama usoni, akazitazama zile nyusi, akaingia ndani.

Profesa Berrone alitoka mwenyewe, karibu anakimbia. Alikuwa mzee mdogo wa umbo, msafi, mwenye sauti ya upole, na furaha aliyokuwa nayo ilimshangaza Saveria kuliko ambavyo dharau ingemshangaza.

"Dada wa namba arobaini na saba!" alisema. "Dada wa tumbo moja?"

"Wa Bruno Scordo," Saveria alijibu. "Nataka uso wake. Mama yake bado yu hai."

"Bila shaka, bila shaka. Lakini kwanza, bibie, nisaidie jambo dogo. Ninafundisha sasa hivi. Kubali nikupime mbele ya wanafunzi wangu, ni robo saa tu. Ukishanipa vipimo, nitakupa uso."

"Utaapa, au nikuamini tu?"

"Niamini."

Akamwamini.

Ukumbi ulikuwa na mabenchi yaliyopanda kama ngazi, na vijana kama thelathini wenye kola nyeupe. Nyuma ya meza, ukutani, zilipangwa nyuso. Saveria alimtambua Bruno kabla hajakaa. Alikuwa mstari wa pili, kati ya mzee asiye na meno na kijana mdogo sana. Alikuwa amekonda. Saveria alitaka kumgusa, lakini tayari profesa alikuwa amemkalisha kitini na kumbana kichwa kwa bikari kubwa ya chuma ya kupimia vichwa, baridi kama kufuli.

Profesa alisoma namba, mwanafunzi wa mbele akaandika. Upana wa taya. Urefu wa sikio. Umbali wa macho. Kisha akaweka kidole katikati ya nyusi za Saveria, pale juu ya pua, na kuwageukia vijana.

"Mnaona? Damu haifichiki. Alama zilezile za ndugu yake, katika mwanamke. Hapa pana ukaidi, hasira ya haraka, kutojali mali ya mwenzake. Si kosa lake, maskini. Amezaliwa nazo."

Saveria alikitoa kile kidole usoni pake, taratibu, kama mtu anayeondoa inzi kwenye maziwa.

"Na huyu je?" aliuliza.

"Yupi?"

"Huyu anayeandika."

Vichwa vyote vikageuka. Kijana aliyekuwa akiandika, Arduino jina lake, mtoto wa mwanasheria, alikuwa na nyusi zilizoungana vilevile, nyeusi, nzito. Mtu mmoja juu kule alicheka, wakafuata wengine. Arduino aliiva masikio kwa aibu.

"Bwana Arduino ni jambo tofauti," profesa alisema. "Kwake malezi na elimu vimezituliza zile silika."

"Kumbe!" Saveria alisema. "Nyusi zikienda shule zinaokoka. Zetu ndizo zimekosa karo."

Ukumbi ulipasuka kwa kicheko. Profesa aligonga meza kwa bikari. Upole ulikuwa umemtoka, amebaki na haraka.

"Tumemaliza. Asante, bibie. Bawabu atakuonyesha njia."

"Uso wangu."

"Nini?"

"Uso wa Bruno. Uliniambia nikuamini."

"Nilisema nitakupa... nitakupa nakala, labda, siku moja, tukipata fedha za plasta. Huu ni mali ya sayansi. Na sasa, kwa kuwa tuna vipimo vya dada, thamani yake imezidi. Elewa."

Saveria alielewa. Ile hasira ya haraka aliyotajiwa ilimpanda, na kwa mara ya kwanza tangu barua ya gereza ifike haikumtisha. Aliinuka. Akavua mtandio wake mweusi, akautandika juu ya meza ya profesa, juu ya karatasi zake. Kisha akaenda ukutani, akanyoosha mikono, akamtoa Bruno kwenye msumari.

"Unafanya nini?" profesa alifoka.

"Bwana Profesa, umewaambia vijana hawa kwamba nimezaliwa mwizi. Nami sitaki uaibike mbele ya wanafunzi wako."

Akamlaza Bruno kwenye mtandio, akamfunga mara mbili, akafunga fundo. Kile kikaratasi cha namba arobaini na saba alikibandua akakiacha mezani. Halafu akamnyooshea Arduino kiganja.

"Na vipimo vyangu, mwanangu. Nilivitoa kwa ahadi."

Kijana alimtazama profesa, akautazama ule mkono wenye sugu za kukamua. Alichana ukurasa kwenye daftari, akampa.

"Mzuie!" profesa alimpigia kelele bawabu. "Mzuie! Nitaita polisi!"

Arduino alikuwa amesimama. "Ukiita, Profesa, watauliza uliahidi nini. Itabidi tuwaambie. Sote tumesikia."

Juu kule miguu ya wanafunzi ilianza kugonga mbao kumshangilia, kwanza miwili mitatu, kisha ukumbi mzima. Bawabu alisimama mlangoni na ufagio wake. Saveria alipomfikia walitazamana. Hakumwomba. Bawabu akasogea, akamfungulia mlango, na kwa sauti ya chini akamwambia stesheni iko upande wa kulia.

Mtaani alitembea kwa kasi hadi mto wa mji ule. Aliketi kwenye ukingo wa mawe akakumbatia lile bunda, akalia kwa kwikwi kama mtoto, wapita njia wakimzunguka. Ule ukurasa wa vipimo aliuchanachana akaumwaga majini.

Nyumbani, mama yake aliufungua mtandio juu ya meza ya kulia. Aliupitishia ule uso kidole hadi mdomoni. "Wamemfumba mdomo vibaya," alisema. "Bruno alikuwa analala mdomo wazi."

"Tumzike, mama?"

"Wameshamzika. Huyu wa pili tukae naye."

Saveria hakuupeleka chumbani. Aliupigilia nje, chini ya upenu, juu ya mlango, ukitazama njia inayopanda kwenye msitu wa baroni. Wiki haikuisha, mlinzi akapita, yuleyule, mkono wake ukiwa bado umepinda. Akasimama kama aliyekanyaga nyoka.

"Toa hicho kitu, Saveria."

"Kitu gani?"

"Unajua. Wapita njia wanauliza."

"Nawe unawajibu nini?"

Mlinzi aliokota jiwe, akalipimapima mkononi. Saveria alishuka ngazi, akasimama chini ya uso wa ndugu yake, nyusi juu ya nyusi, akaikunja mikono kifuani.

"Rusha," alisema. "Lakini lenga vizuri, maana huku tuko wawili."

Mlinzi aliliacha jiwe lianguke. Kuanzia siku ile alizunguka kwa njia ya bonde, ambayo ni ndefu zaidi na ina matope mwaka mzima.