Chai ya Mheshimiwa

Rangnath Salunke alikuwa amefika. Hilo ndilo lililomvuruga akili. Mwezi wa Juni alipanda basi la kwanza kutoka kijijini hadi Solapur, akasaini daftari la getini, akakaa kwenye benchi nje ya baraza la rufaa za shule. Sasa, miezi minne baadaye, karatasi ilisema hakuhudhuria, na kwa hiyo shauri lake limefutwa.

"Nilikuwepo," alimwambia wakili wake kwa mara ya sita.

"Ulipoitwa, uliitika?" aliuliza Mrunal Pethe, msichana wa rika la bintiye.

"Nilipoitwa sikuwepo."

"Mzee wangu! Ulikuwepo au hukuwepo?"

Rangnath alikuna kichwa. Yote mawili yalikuwa kweli. "Ofisi ilinituma."

"Ofisi gani ikutume wewe uliyefukuzwa? Hapana, kwenye kiapo chako tumeshaandika homa. Ukiulizwa, homa."

Kiapo kile alikuwa amekitia sahihi bila kukisoma, kama alivyotia sahihi kila kilicholetwa na ofisi kwa miaka ishirini na miwili ya utarishi wa sekondari. Alifukuzwa kwa kukataa kwenda kuosha gari la mwenyekiti wa bodi siku ya mtihani, maana nani angegonga kengele? Barua ilikuja, ila hakuna aliyedai sare. Hata leo alikuwa ndani ya kaki zake. Aliona kuzivua ni kukubali kwamba amefukuzwa. Ombi la kulifufua shauri likikataliwa leo, atazivua tu.

Waliitwa. Wakili wa shule alisimama na daftari la getini mkononi.

"Mheshimiwa, hii homa gani inayopanda basi? Jina lake hili hapa, tena kwa mwandiko mzuri!"

Watu walicheka. Mrunal alifumba macho. "Umenimaliza, mzee," alinong'ona.

Mheshimiwa alivua miwani. "Salunke, siku ile ulikuwa wapi?"

Rangnath alimtazama wakili wake, akalitazama daftari. Homa ilikuwa imeshamponyoka.

"Nilikwenda kukuletea chai, Mheshimiwa."

Kicheko kilivuma, kikakatika chenyewe.

"Karani alitoka, akaniona na kaki. Akanipa birika. Akasema wahi, Mheshimiwa anasubiri, bila sukari, tangawizi iwe nyingi. Kibandani palikuwa na foleni. Niliporudi nikaambiwa nimeshafutwa."

"Mbona hukumwambia kuwa wewe ndiye mwenye shauri?"

Swali hilo lilimchanganya kuliko yote. "Kwani mtu akitumwa husema?"

Karani aliinua macho kwenye feni ya dari kana kwamba ndiyo kwanza anaiona. Mheshimiwa alikitazama kikombe kilichokuwa mbele yake, akakisogeza pembeni polepole.

"Naikumbuka ile tangawizi," alisema. Kisha akamgeukia wakili wa shule. "Una pingamizi?"

"Kuhusu homa, ndiyo. Kuhusu chai..." Alikaa.

"Wakili Pethe, ondoa hiyo homa yako, na usinifanyie tena hivyo. Kabla ya saa nane niletee kiapo kipya, chenye ukweli. Kutokuwepo kwake kuna sababu ya kutosha. Shauri limerejeshwa."

Mrunal aliketi, jasho likimtiririka. Rangnath alimwinamia.

"Tumeshinda?"

"Bado."

"Tumeshindwa?"

"Hapana, mzee! Limefufuka. Sasa ndiyo tunaanza."

"Kwa hiyo nimefukuzwa au sijafukuzwa?"

Kabla hajajibiwa, Mheshimiwa aliigonga kengele ndogo ya mezani, kumwita tarishi wake. Rangnath alikuwa ameshasimama, ameshafika kwenye pazia la mlango, pale Mrunal alipomkamata kwa upindo wa shati la kaki.

"Kaa!"

"Lakini imelia."

"Imelia, ndiyo. Kaa chini."

Alikaa ukingoni mwa benchi, mikono magotini. Kengele ililia tena. Miguu yake haikujua la kufanya.